Mdhamini Naye ni Mdaiwa, Aambiwe Mapema

“Mjomba, wewe niwekee saini tu, marejesho nitapeleka mwenyewe.” Kwa kauli ya namna hiyo nyumba nyingi katika nchi yetu zimeishia mikononi mwa dalali. Anayeombwa hana shida ya mkopo, na fedha hizo hataziona. Ameombwa na mtoto wa dada yake, na mtoto wa dada hakataliwi kirahisi, hasa akija asubuhi na shikamoo yake ilhali mama yake ameshapiga simu tangu usiku. Wanakwenda pamoja ofisini. Mjomba anapewa kiti, anaitwa mzee wangu, anatoa kitambulisho cha NIDA, picha mbili za pasipoti na barua ya serikali ya mtaa. Anaoneshwa pa kuweka saini kwenye kila ukurasa, kisha anarudi nyumbani. Kuanzia hapo hakuna anayemtafuta mpaka mambo yaharibike.

Ninalotaka kusema ni moja. Sheria yetu inamhesabu mdhamini kuwa mdaiwa kamili, lakini wakopeshaji wanamchukulia kama shahidi wa harusi mpaka siku ya kumdai. Kama ni mdaiwa, apewe stahiki za mdaiwa. Ajue deni limefika wapi, ajue rejesho likikosekana, na alijue hilo wakati bado kuna la kufanya.

Tuanze na sheria, maana hapo ndipo wengi wanapopotea. Mtaani watu huamini kwamba benki lazima imbane mkopaji kwanza, iuze vyake, na ikikosa ndipo imgeukie mdhamini. Sivyo ilivyo. Kifungu cha 80 cha Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, kinaufanya wajibu wa mdhamini ulingane na wa mkopaji, isipokuwa mkataba wenyewe uwe umeweka vingine. Mkopaji akishindwa kulipa, benki ina hiari ya kumfuata yeye, kumfuata mdhamini, au kuwafungulia shauri wote wawili kwa pamoja. Sheria hii imejengwa juu ya Sheria ya Mikataba ya India ya mwaka 1872, iliyotumika Tanganyika kabla hatujatunga yetu. Ndiyo maana mawakili wetu hupenda kurejea kesi ya Bank of Bihar dhidi ya Damodar Prasad. Katika kesi hiyo mahakama ya chini ilikubali kuwa mdhamini anadaiwa, ila ikaweka sharti kwamba benki imalize kwanza njia zote za kumbana mkopaji. Mwaka 1969 Mahakama ya Juu ya India ililifuta sharti hilo. Hoja yake ilikuwa kwamba benki ikilazimishwa kusubiri, dhamana inakosa kazi iliyowekewa.

Hoja hiyo naielewa na sina ugomvi nayo. Fedha anayokopeshwa mfanyabiashara wa Kariakoo imetoka kwenye akiba ya watu wengine: mshahara wa muuguzi, michango ya kanisa, mauzo ya korosho. Benki Kuu inataka mikopo chechefu isizidi asilimia 5 ya mikopo yote, na mwaka 2017 kiwango hicho kilipanda hadi zaidi ya asilimia 10. Mikopo isiporejeshwa namna ile benki hubana mkono, na anayeumia ni yule mwenye duka dogo anayeomba kwa mara ya kwanza na kuambiwa arudi mwakani. Kwa hiyo siombi mdhamini asamehewe. Aliyeahidi kulipa alipe. Ninachohoji ni namna anavyofikishwa kwenye malipo hayo.

Kwanza kuna wadhamini wa aina mbili, na tofauti yao ni kubwa kuliko watu wanavyodhani. Yupo aliyeweka ahadi yake binafsi tu, bila hati ya nyumba. Huyu benki ikimtaka lazima iende mahakamani, ishinde, ipate hukumu, ndipo ikamate mali. Hata hapo Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, katika kifungu cha 48, inazuia baadhi ya vitu visikamatwe. Vyombo vya kupikia ni miongoni mwavyo, vitanda na matandiko pia, zana za fundi vilevile, na nyumba anayoishi mdaiwa na familia yake. Mdhamini wa aina hii ana nafasi ya kujieleza mbele ya hakimu kabla lolote halijaguswa.

Wa pili ni yule aliyetoa hati yake. Anadhani amefanya kilekile alichofanya mwenzake, kumbe ameweka rehani. Kinga ya nyumba ya familia aliitoa mwenyewe siku alipoikabidhi hati, na benki haihitaji hukumu ya mahakama ili kuuza. Chini ya Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inachotakiwa kufanya ni kumpa notisi ya maandishi. Siku 60 zikiisha tangu aipokee, bila deni kulipwa, nyumba inaweza kwenda mnadani. Notisi hiyo ni haki ya aliyeweka rehani, hata kama mkopaji ni mtu mwingine. Nasisitiza jambo hili kwa sababu nimesikia mara nyingi mdhamini akiambiwa kwamba notisi alipewa mkopaji, na hiyo inatosha. Haitoshi. Hati ni ya mjomba, basi notisi imfikie mjomba.

Mnada nao una masharti yake. Sheria ya Madalali inataka tangazo la siku zisizopungua 14 kabla ya ardhi kuuzwa. Tangazo liwe kwa Kiswahili pamoja na Kiingereza, na litolewe pia kwa njia ambayo hata asiyejua kusoma ataielewa. Sheria ya Ardhi nayo inamtaka mkopeshaji atafute bei nzuri inayowezekana. Nyumba ikiuzwa kwa bei iliyo chini ya wastani wa soko kwa asilimia 25 au zaidi, sheria inachukulia kuwa wajibu huo umevunjwa, na ni juu ya benki kuthibitisha vingine. Kifungu cha 114 kinadai ridhaa ya mwenzi kabla nyumba ya familia haijawekwa rehani. Hizi ni kinga za kweli, zimeokoa watu. Lakini zote zinaamka mwishoni, gari la dalali likiwa limeshaanza kupita mtaani na kipaza sauti.

Tuangalie mwanzo. Nimewahi kuketi kibarazani na mzee mmoja, fundi wa magari aliyestaafu, tukisoma mkataba wake wa dhamana ukurasa baada ya ukurasa. Ulikuwa wa Kiingereza wote, na saini yake ilikuwa chini ya kila karatasi, ileile, iliyoandikwa kwa uangalifu wa mtu asiyeandika mara kwa mara. Kifungu kimoja kilisema dhamana hii ni endelevu, yaani haiishii kwenye mkopo huu bali inabeba na mikopo mingine atakayopewa mkopaji huyohuyo. Kingine kilisema mdhamini amekubali tangu leo mabadiliko yoyote ambayo benki na mkopaji watayafanya baadaye, hata bila yeye kujulishwa. Kingine kilisema mdhamini atahesabiwa kuwa mdaiwa mkuu. Na kimoja, ambacho nililazimika kumsomea mara mbili, kilisema hati itakayosainiwa na ofisa wa benki ikitaja kiasi cha deni itakuwa ushahidi wa mwisho wa kiasi hicho. Mzee aliniuliza swali moja tu: “Kwa hiyo watakachosema nadaiwa, ndicho ninachodaiwa?” Nilimwambia ndivyo kilivyoandikwa.

Hapa ndipo penye kiini cha tatizo. Sheria ya Mikataba imemwekea mdhamini ulinzi mwingi. Inasema benki na mkopaji wakibadilisha masharti bila ridhaa yake, anaachiliwa kwa yale yanayofuata mabadiliko hayo. Benki ikimsamehe mkopaji, mdhamini naye yuko huru. Ikipoteza au kuachia dhamana nyingine iliyokuwa nayo, mdhamini anapunguziwa kwa thamani ya kilichopotea. Dhamana iliyopatikana kwa uongo, au kwa kunyamazia jambo zito ambalo benki ililijua, ni batili. Na dhamana endelevu inaweza kusitishwa kwa taarifa, kwa mikopo itakayotolewa baada ya hapo. Lakini ulinzi huu karibu wote unaweza kuondolewa kwa saini yake mwenyewe, na fomu zilizochapwa tayari zinauondoa kwa aya chache. Mtu anavuliwa ngao ambayo hakujua kama anayo, kwa lugha ambayo wengi hawaisomi.

Tangu mwaka 2021 Kiswahili ndicho lugha ya sheria na ya mahakama zetu. Tangazo la kuuza nyumba lazima liwe kwa Kiswahili ili kila mtu aelewe. Basi kwa nini mkataba ulioifikisha nyumba hiyo kwenye tangazo usiwe kwa Kiswahili vilevile? Serikali iliyoona umuhimu wa mtu kuelewa kuwa nyumba yake inauzwa ilipaswa kuona umuhimu wa kuelewa alipokuwa anaiweka.

Sasa tupige hesabu, kwa sababu ucheleweshaji wa taarifa una gharama inayohesabika. Tuchukue mkopo wa shilingi milioni 20, riba ya asilimia 18 kwa mwaka inayokokotolewa juu ya salio, miezi 36. Rejesho la mwezi ni kama shilingi 723,000. Mkopaji analipa miezi tisa, jumla karibu milioni 6 na nusu, kisha biashara inayumba anaacha. Salio wakati huo ni kama milioni 15.96. Rejesho la kwanza likikosekana, shimo lililopo ni 723,000. Hiyo ni fedha ambayo mjomba anaweza kuipata kwa kuuza mbuzi, kukopa kwa jirani au kuitisha kikao cha ukoo. Yakifika matatu ni zaidi kidogo ya milioni mbili. Bado linatafutika. Lakini mdhamini asipoambiwa chochote kwa miezi 14, riba peke yake juu ya salio lile inaongeza kama milioni 3.35, na deni linakaribia milioni 19.3. Bado hatujaweka adhabu ya kuchelewa, wala ada ya wakili na ya dalali. Zaidi ya milioni sita zilishalipwa, na mzee anadaiwa karibu kiasi kilekile alichosainia mwanzo.

Katika miezi ile 14 nani alikuwa anajua? Benki ilijua, mfumo wake wa kompyuta ulionesha tangu siku ya kwanza. Mkopaji alijua, na kwa aibu alikuwa anakwepa hata misiba ya ukoo. Asiyejua ni yule ambaye mali yake ndiyo ingelipa. Sheria inasema benki kukaa kimya bila kumdai mkopaji hakumwondolei mdhamini wajibu. Sawa. Lakini kimya hicho kinamwongezea deni kila mwezi, na hilo si haki.

Jambo hili haliishii benki. Kwenye SACCOS wadhamini ni wafanyakazi wenzako, na mkopaji akiacha kazi au akihama bila kuaga, akiba za wadhamini ndizo hukatwa. Huko angalau mnaonana kila siku, na habari za mwenzenu kuyumba zinawafikia kabla ya barua. Kwenye mikopo ya vikundi mambo ni magumu zaidi. Anayefahamu mikutano hiyo anajua namna kina mama wanavyokaa kwenye mikeka hadi magharibi, watoto wanalia njaa, kwa sababu mmoja hajafika na rejesho na kikundi hakifungwi mpaka hesabu itimie. Wengine hutoa fedha za chakula cha siku ile ili waruhusiwe kwenda nyumbani. Na kwa wakopeshaji wasio na leseni, wale wa kausha damu, kinachobebwa ni jiko la gesi, sabufa na kochi, bila notisi wala hukumu. Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya mwaka 2018 ilitungwa ili kuwaweka wakopeshaji hao kwenye mstari, na leseni zinatolewa. Lakini mwanachama wa kikundi bado hajaelezwa wazi kwamba alipojiunga alikubali kulipa madeni ya wenzake wote.

Baada ya kulipa, mdhamini ana haki kubwa ambazo karibu hakuna anayezitumia. Akilipa deni lote, anasimama mahali pa benki: dhamana zilizokuwa mikononi mwa benki zinahamia kwake, na anaweza kumdai mkopaji kila senti aliyoitoa kihalali. Wakiwa wadhamini wawili au watatu na mmoja akabebeshwa mzigo wote, anaweza kuwadai wenzake mafungu yao sawasawa. Sababu za kutozitumia zinaeleweka. Nani atampeleka mahakamani mtoto wa dada yake? Dada ataingia nyumba hiyo tena kwa uso gani? Hasara inazikwa ndani ya familia, wala haionekani kwenye takwimu za mtu yeyote.

Kuna na kifo. Tunapozika, msemaji wa familia husimama na kutangaza kwamba anayemdai marehemu awaone wafiwa. Madeni ya dukani na ya mkononi hulipwa hivyo, kwa heshima. Lakini dhamana haitangazwi makaburini kwa sababu mara nyingi mke na watoto hawakuwahi kuambiwa. Kifo cha mdhamini huzuia dhamana endelevu kubeba mikopo mipya, isipokuwa mkataba useme vingine. Kwa mkopo uliokwishatolewa, mirathi inabaki na mzigo. Mjane hukutana na jambo hilo kwenye bahasha. Mkopaji naye akifa, mikopo mingi huwa imekatiwa bima tangu siku inatolewa, na bima hiyo ndiyo inayopaswa kulipa salio. Mdhamini ambaye hakuwahi kuuliza kama bima ipo anaweza kuanza kulipa deni ambalo lilikuwa na mlipaji.

Wenzetu wamelishughulikia suala hili. Ufaransa ilirekebisha sheria yake ya udhamini mwaka 2021, na mabadiliko yakaanza kutumika tarehe 1 Januari 2022. Mkopeshaji anayefanya kazi hiyo kibiashara anatakiwa, kabla ya tarehe 31 Machi kila mwaka na kwa gharama yake, kumjulisha mdhamini ambaye ni mtu binafsi kiasi cha deni kilichobaki. Asipofanya hivyo, hawezi kumdai mdhamini riba wala adhabu zilizoongezeka tangu taarifa ya mwisho. Rejesho likikosekana na likapita mwezi bila kulipwa, mdhamini aambiwe. Asipoambiwa, riba na adhabu za kipindi chote cha ukimya si zake. Na mtu akiwekwa kudhamini kiasi kilichopita mbali kipato na mali yake, wajibu wake unapunguzwa hadi pale alipoweza kuubeba siku aliposaini. Uingereza nako, mwaka 2001, Bunge la Mabwana katika kesi ya Royal Bank of Scotland dhidi ya Etridge lilizitaka benki zihakikishe kuwa mke anayedhamini madeni ya mumewe amekutana na mwanasheria peke yake, mume akiwa hayupo, na ameelezwa hatari kwa lugha ya kawaida. Sisi wakili tunaye siku ya kusaini, lakini mara nyingi ni yule ambaye benki imemwita, na kazi yake inaishia kwenye mhuri.

Hayo ya Ufaransa ndiyo ninayoyataka hapa, na hasa lile la ukimya kugharimu. Bila gharama, wajibu wa kutoa taarifa utakuwa mstari mwingine kwenye fomu. Benki ikijua kwamba riba ya miezi 14 itapotea kama mdhamini hakuambiwa, ataambiwa ndani ya siku 14. Haikosi njia ya kumwambia. Benki hizohizo hututumia ujumbe kila tunapotoa elfu kumi kwa wakala, na hutukumbusha usiku wa manane kuhusu huduma mpya ambazo hatukuomba. Namba ya simu ya mjomba iko kwenye faili tangu siku ya kwanza, pamoja na picha zake mbili.

Wala hatuhitaji kusubiri muswada. Mwaka 2019 Benki Kuu ilitoa kanuni za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha, na ina dawati la kupokea malalamiko. Mdhamini atajwe humo waziwazi. Apewe nakala ya mkataba wa mkopo na wa dhamana kwa Kiswahili, apewe siku chache za kwenda nazo nyumbani kabla ya kusaini, aambiwe ukomo wa kiasi anachodhamini kwa tarakimu na kwa maneno, na ajulishwe rejesho la kwanza likikosekana.

Maofisa wa mikopo nilioongea nao hujibu kuwa akaunti ya mteja ni siri, hawawezi kumweleza mtu wa pembeni. Mdhamini anayeweza kuuziwa nyumba kwa sababu ya akaunti hiyo si mtu wa pembeni. Na kama siri ndiyo kikwazo, dawa yake ni ukurasa mmoja: mkopaji asaini, siku ileile anaposaini mkopo, kwamba ameruhusu mdhamini wake apewe taarifa za deni. Atakayekataa kuusaini, ofisa amuulize sababu mjomba akiwa amekaa palepale, kabla fedha hazijatoka.